Mhariri, kabla ya Nungwi kuna Fujoni, Kiombamvua na Pitanazako

Ndugu Mhariri,

Asalaam aleikum. Mie ni msomaji wenu wa siku nyingi, gazeti nalinunua wikendi tu na nalinunua kwa ajili ya ukurasa wa utalii, sasa leo nimeona niandike kwa sababu ukurasa wenyewe umeanza kunichosha. Kila wiki Nungwi. Ikiisha Nungwi ni Kendwa, ikiisha Kendwa ni Paje na wale wazungu wanaovutwa na matiara baharini, alafu mnarudi Nungwi tena kama daladala ya namba 116, yani kana kwamba baina ya Darajani, mjini Unguja, na Nungwi hamna kitu, ni lami tu na minazi ya kupitwa.

Naomba niwaambie nilivotembea mie na familia yangu mwezi wa Disemba skuli zilipofungwa, alafu mtaamua wenyewe.

Asili ya safari ni ugomvi. Mie nakaa Kijitoupele. Najua wengine mmeshaanza kucheka, chekeni, mie nimezoea. Mwanangu wa darasa la tano yeye hajazoea, kumbe skuli wenzake wanamwita upele, wanajikuna akipita, na siku moja nikamsikia kwa masikio yangu anamwambia mtoto mgeni "sisi twakaa Fuoni". Nikamwita nikamuuliza Fuoni umehamia lini? Kakaa kimya. Alafu kaniuliza, baba kwanini wasibadilishe jina. Mjomba wangu, mzee wa miaka sabini na kitu, alikuwa pale barazani na chai yake, kasema hebu niazimie gari Jumamosi nimpeleke huyu mtoto akaone majina ya wenzake, akirudi atashukuru upele wake. Gari mjomba haendeshi siku hizi, macho, kwaiyo ikawa mie dereva, mama watoto, mwanangu na mdogo wake wa kike, na mjomba mbele na bakora yake na amri moja tu: tusipite 40 kwa saa na tusimame kila akisema simama.

Tumetoka saa mbili asubuhi. Hata kabla ya kutoka mjini mjomba ameshaanza darasa. Rahaleo, Mpendae, Shaurimoyo, Matarumbeta, Sogea, Kiembesamaki, haya yote watu wanayataja kila siku kwenye daladala kuomba kushushwa na hakuna anaesimama kujiuliza samaki kaenda kufanya nini kwenye mwembe. Michenzani ile ya maghorofa marefu, alisema mjomba, huwezi kuitwa Michenzani kama hujawahi kuwa na michenza, sasa hivi mtoto wa Michenzani chenza analijua la kwenye ndoo ya muuza matunda. Mti umekwenda jina limebaki. Hio ndo ilikuwa njia nzima ukiiangalia vizuri, Mfenesini, Misufini, Mkwajuni, Mwembe huu Mwembe ule, nusu ya Unguja imeitwa kwa miti na nusu ya miti haipo.

Bububu tukasimama kunywa chai. Hapa naomba nikae kidogo maana hapa ndo nilipogombana na mwanamme mmoja wa meza ya pili na mpaka leo roho haijatulia. Wengi wetu tumefundishwa kwamba Bububu imeitwa hivo kwa sababu ya treni, treni ikilia bu bu bu. Treni ilikuwepo kweli, siyo hadithi, ilianza 1905, kampuni ya Wamarekani, inatoka Ngomeni inapita katikati ya vichochoro vya mji mpaka watu wanajibana ukutani, inakwenda mpaka Bububu maili saba. Wageni walioshuka melini walikuwa wanapandishwa kwenda kutembea mashamba. Basi huyo bwana akasema ndo asili ya jina, kila mtu anajua, hata waongoza watalii wanasema. Sasa mjomba akamuuliza, na Bibi Salme je? Salme binti Said, yule mtoto wa Sultani aliekimbilia Ujerumani akaitwa Emily Ruete, kumbukumbu zake zilichapwa 1886 na humo anaitaja Bububu alikowahi kukaa. 1886! Treni bado miaka 19. Treni ilikuta jina linaisubiri stesheni. Jina hilo wengine wanalipa maji, chemchem zile za huko, maji yakitoka ardhini yanabubujika, na hilo linaingia akilini zaidi maana upande huohuo ndo maji yalikochukuliwa kuletwa mjini kwa mabomba enzi za Sayyid Barghash. Yule bwana alisema treni ni treni. Akalipa chai yake akaondoka. Mwanangu alifurahi sana, sijui kwanini, nadhani kwa kuona watu wazima wanagombania jina.

Sasa Mhariri waongoza watalii wangapi wanapita pale kila siku na hio treni yao, na gazeti mpo? Makala moja tu ya nusu ukurasa ingetosha.

Baada ya Bububu tukaacha njia kubwa tukaingia upande wa Mangapwani. Ile njia ya daladala ya 102. Hapa ndo raha ilipoanza, njia ina kivuli, unapitana na gari za ng'ombe na baiskeli zimebeba majani, na ilikuwa msimu wa doriani na shokishoki, kila baada ya hatua kadhaa kuna kimeza kando. Mama watoto kanunua doriani mbili na kuanzia hapo hewa ya gari ilibadilika, anaeijua doriani anaelewa, tumefungua vioo vyote vinne na mjomba ndo kwanza anasema harufu nzuri. Mangapwani wenyewe mnaijua, pango na lile handaki la watumwa lililochimbwa kwenye jiwe baharini, ambalo watu waliendelea kufichwa humo hata baada ya biashara kupigwa marufuku 1873. Watalii wanafika sana. Jina lenyewe Manga ni Uarabuni, kwaiyo ni Uarabuni ya pwani, sisi watu wa kisiwa hiki tulikuwa tunaita ng'ambo zote kwa jina na tukitaka tunazileta kwetu. Handaki lile sikuwaambia watoto mengi, niliwaacha waingie, walitoka wenyewe wamenyamaza, tukaondoka.

Lakini shabaha yetu siku hio ilikuwa Fujoni. Ndio, Fujoni, huko huko wilaya ya Kaskazini B, pana watu wanaamka pale wanaswali wanakwenda shamba, na wameandikishwa Fujoni kwenye vitambulisho. Sasa nilitegemea nini sijui. Palikuwa kimya mpaka nikasikia injini ya gari yangu inavokohoa. Vijana wawili chini ya mti wanacheza bao, wala hawapigi kelele hata za bao, na mzee mmoja barazani anasuka ukili. Mjomba kashuka kasalimia, kakaa, katia habari za afya na mvua na mavuno, dakika ishirini kamili (hivi ndo inavoulizwa Mhariri, huwezi kushusha kioo ukauliza "mzee hapa kwanini panaitwa Fujoni" kama unauliza bei ya muhogo), mwisho ndo akauliza, sheikh wangu, hio fujo ilikuwa ya nani? Yule mzee katuangalia, kaangalia gari na vioo vinne wazi, kavuta pumzi, kasema: "Miaka yote hapa shwari. Fujo mmekuja nayo nyie, mna doriani humo."

Tulimpa moja. Na hapo ndo alipofunguka, katusimulia mawili matatu, na mwengine aliepita akasema siyo hivo, na wa tatu akasema wote hawajui, kila mmoja na yake aliyopewa na babu yake. Sitayaandika hapa kwa sababu sikuandika chochote siku ile, nilikuwa nacheka, na hilo ndo kosa langu na ndo sababu ya barua hii, yani mie dereva tu nimekaa na wazee watatu wana hadithi tatu na sikuwa hata na kalamu, nyie mna waandishi wenye kamera na vinasa sauti mnawatuma kupiga picha za machweo.

Kutoka hapo ni Kiombamvua. Mtoto wangu wa kike alilipenda hili kuliko yote, kalirudia njia nzima, Kiombamvua, Kiombamvua, mpaka kaka yake akamwambia ukiliita sana itakuja. Haikuja. Jua lilikuwa kali, vumbi tu, tukanunua madafu kwa bibi mmoja mcheshi na mama watoto akamtania, bibi mbona hamuombi? Bibi kasema siku hizi kuomba tunaomba, ila ikija inakuja yote mara moja inaondoka na mihogo. Alafu kamuuliza mwanangu, wewe wa wapi mjukuu wangu? Nikamtazama kwenye kioo. Kasita kidogo, kasema Kijitoupele. Yule bibi wala hakucheka, kasema aa Kijitoupele, nina mwanangu kaolewa huko, mwambie baba ako siku moja anichukue. Basi. Ilikuwa ni hivo tu, hakuna alieanguka.

Sasa niseme kuhusu vibao maana nisiposema nitasahau. Kuna sehemu tumekuta kibao kimeandika Kiomba Mvua, kwengine Kiombamvua, Pitanazako nimeona imeandikwa namna mbili, na pahali pamoja kibao kimewekwa kabla hujafika na chengine chenye jina jengine hatua mia mbele, sasa baina ya hapo na hapo ni wapi? Siwataji waliovibandika, wanajijua. Na ramani ya simu ndo usiseme, ilituambia tumefika Pangatupu tukiwa katikati ya shamba la muhogo na mtu pekee pale ni mbuzi. Kwa Pangatupu tuligombana wenyewe ndani ya gari. Mie nilikuwa najua ni panga la kukatia, panga tupu, halina ala, nikapiga picha kichwani ya mtu mkali anasubiri watu njiani. Mjomba kasema panga pia ni pango kubwa, na nchi hii ni ya mawe imejaa mapango, kwaiyo ni pango tupu, halina kitu ndani. Herufi zilezile, moja inatisha na moja haina hata popo. Mama watoto akasema kwa nilivomjua mjomba lile tupu ni la kweli.

Mahonda tulikula. Pilau na achari, na juisi ya miwa maana huko miwa ndo kwao, kile kiwanda cha sukari kipo pale. Mahonda na Donge sitazisemea sana, zimeshazoeleka, na watoto walilala. Zingwezingwe tuliitaja tu kwa raha ya kuitaja. Hebu itaje kwa sauti Mhariri hapo ofisini. Umeona?

Pitanazako ndo nilioiwekea matumaini makubwa. Ipo Kaskazini A, na nikajiambia pahali penye jina kama lile lazima pana watu wana maneno. Pita na zako, yani hatuna haja na habari zako, pita. Au pita na mali zako, hatukuibii, maana hio nayo inasomeka, na nikaona hapo ndo pana mjadala wa maana, jina moja linaweza kuwa tusi au likawa karibu. Tukasimama penye vijana watatu wamekaa juu ya gogo. Nikatoa salamu, wakaitikia. Nikauliza, jamani hapa ndo Pitanazako? Mmoja kasema ndo. Nikasubiri. Yule kaangalia simu yake. Nikasema sisi tumetoka mjini tunatembea tunauliza majina ya miji. Kasema aa sawa. Kimya. Wa pili katafuna kijiti. Dakika ikapita, wallahi ndefu kuliko ya Fujoni, mpaka mjomba akanigusa bega akasema: "Washa gari. Jina limeshakujibu."

Tulicheka mpaka Mkokotoni, kwanza nikakosa gia. Mwanangu ndo alicheka kuliko wote, kasema baba bora upele.

Na kuna mengine hatukuyafika kwa sababu ya saa. Mchenza Shauri, nataka sana kuuona huo, mchenza waliokaa watu chini yake wakashauriana, au ndo ninavoudhania. Mwembe Majogoo. Kusini sikugusa kabisa, na kule kuna Makunduchi ambayo wageni kutoka bara wakilisikia mara ya kwanza wanainama kufunga viatu ili wasionekane wanacheka, alafu kila Julai walewale wanakwenda kwenye sherehe za Mwaka Kogwa wanarudi wanaisifu. Pemba ndo usiseme, huko kuna Maziwa Ng'ombe, kuna Mbuzini, na kuna Mkanyageni ambayo kila nikiisoma naona kama amri ya polisi. Na siyo sisi tu. Rafiki yangu wa Mombasa ana ndugu zake Likoni mtaa unaitwa Shika Adabu, na nje ya Mombasa kwenye njia ya Nairobi kuna Maji ya Chumvi, na kuna Samburu ambayo siyo ile ya kaskazini yenye hifadhi, mgeni akikosea anapoteza siku mbili. Dar wana Mbagala Rangi Tatu, Kibaha wana Picha ya Ndege. Kila pahali watu wamepaita walivoona, hakuna kamati iliyokaa.

Sasa siku hizi kamati zinakaa. Hilo ndo linaloniuma Mhariri. Kuna mtu anauza viwanja karibu na kwetu, kwenye matangazo yake Kijitoupele haimo, kaandika jina la Kizungu lenye "Garden" mwishoni na picha ya nyumba yenye bwawa. Bustani yenyewe sijaiona. Na baadhi ya majirani zangu wamefurahi, wanasema sasa hata mahari itapanda. Mie namuuliza mtu wa namna hio, hicho kijito unakijua kilikuwa wapi? Hakijui. Wakazi wapya wengi tunajenga juu ya njia za maji alafu masika ikifika tunashangaa maji yamejuaje njia ya sebuleni, wakati jina limesema toka mwanzo, KIJITO, limeanza na kijito hata kabla ya kufika kwenye upele. Ukifuta jina hilo umefuta na kibao cha tahadhari. Na wazee wanaojua kijito kilipita wapi wanapungua, mwaka jana peke yake kwenye mtaa wetu tumezika wawili.

Kwaiyo ombi langu ni dogo, kila wiki kwenye ukurasa huohuo wa utalii tengeni pembe moja, jina moja tu, mtumeni mwandishi aende kwa daladala au vespa taratibu, akae barazani dakika ishirini za mvua na mavuno kabla ya kuuliza, alafu aandike hadithi zote tatu hata zikigongana, na majina ya kijiji yaandikwe wanavoyaandika wenyewe siyo linavotokea kwenye simu. Hoteli za Nungwi hazitakufa, zina matangazo yao.

Sasa mwisho wa safari. Mjomba alikuwa ameficha kitu siku nzima. Tulipofika Mkokotoni ilikuwa saa kumi na nusu na nukta, safari ambayo kutoka Bububu kupitia Mahonda ni kilomita 31 tu na watu wa daladala ya 101 wanaimaliza kabla chai haijapoa, sisi imetuchukua kutwa. Tukashuka mpaka pwani, kisiwa cha Tumbatu kiko pale mbele yetu, unaona minazi na mapaa. Mjomba kanyoosha bakora kasema, mnaona kule? Kule kuna Gomani, kuna Jongowe kwenye magofu ya mji wa kale, na kuna pahali panaitwa Uvivini, na hapo ndo nilipokuwa nawapeleka toka asubuhi, nilitaka mtoto akutane na watu wa Uvivini aone wanavofanya kazi, wavuvi wale wanatoka alfajiri nyie mnakoroma. Tukauliza chombo. Baharia mmoja anakunja tanga lake kasema vyombo vimeshavuka, na hata mkivuka sasa hivi hamna wa kuwarudisha usiku huu, mlikuwa wapi siku nzima?

Mjomba kasema tulikuwa njiani.

Kwaiyo Uvivini hatujafika. Tumepanga kurudi skuli zikifungwa tena, safari hii tutatoka alfajiri, ingawa mama watoto anasema haamini. Kwenye gari kuna nafasi moja nyuma, katikati ya watoto. Mkiwa na mwandishi asiekuwa na haraka mleteni na kalamu yake, ila mwambieni kabisa kwamba tukipata doriani tunanunua.

Wenu,
Msomaji wa Kijitoupele, Unguja